Hesabu ya Sabuni

Mimi msimu sikuutazama. Niliufua.
Jezi ishirini na tano, soksi zisizo na wenzake,
bukta moja yenye tundu la sigara ambalo kila mtu alilikana,
zilinifikia Jumatatu ndani ya kiroba cha mbolea
zikiwa na habari kamili kuliko redio.

Agosti ilikula mche mmoja wa sabuni kwa wiki.
Tulishinda mbili, tukatoa sare moja,
na Tukuyu nzima ikajifunga skafu za kijani.
Mwenye bucha aliandika MAJANI FC DAIMA
juu kidogo ya bei ya utumbo.
Hata mchungaji alifupisha mahubiri.

Kisha mvua, ambayo huku si habari.
Huku mvua ni mpangaji asiyelipa kodi wala kuhama.
Jezi haikauki siku tatu.
Nikazining'iniza juu ya jiko la mkaa,
mpaka kule Dar es Salaam wenyeji wakaziba pua:
"Wamefika wale samaki wa kubanika!"
Tukafungwa nne.
Moshi wangu haukuwa na kosa.

Novemba nikaanza kuona.
Namba tisa, ya Gwamaka, ilirudi safi.
Safi kola, safi viwiko,
inanukia mafuta ya nywele.
Mshambuliaji asiyegaragara ndani ya kumi na nane
ni jembe jipya lililotundikwa ukutani: linasifiwa na wageni.
Magazeti yalisema hana bahati.
Mimi nilimsuuza kwa povu lililobaki la wenzake.

Na ile ya kipa, Ambakisye:
tope kushoto, bega mpaka kiunoni,
kushoto wiki hii, kushoto wiki iliyopita,
na kulia kijani kibichi kama siku iliposhonwa.
Penalti saba, kushoto saba.
Nilijua mimi,
na, inavyoelekea, wapigaji wote wa ligi.

Ningemwambia nani?
Kocha Mwaisumbe alifukuzwa Januari.
Akaja mwingine mwenye kompyuta na koti refu;
akaondoka Machi, koti halijakauka.
Mweka hazina aliniita "mama wa nguo"
na kunidai subira,
kana kwamba mimi ndiye mwenye deni.

Ikabaki mechi moja, Mbeya mjini. Sare ingetosha.
Alhamisi Ambakisye alikuja mwenyewe kuchukua glavu,
nikamwambia. Nikamwonyesha kwa kidole:
hapa pamechakaa, hapa papya.
Alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa
akiishika jezi yake kama mtu anayesoma cheti cha hospitali.
"Asante, mama Tumpe," akasema.
Akasahau glavu. Nikamkimbilia nazo mpaka barabarani.

Dakika ya themanini na nane, bila kwa bila, penalti.
Nilikuwa kibandani kwa fundi baiskeli,
redio yake inakoroma, betri zimeanikwa juani mara tatu wiki hiyo.
Mtangazaji akapaza sauti.
Ambakisye akaruka kulia.
Mpira ukaenda kushoto.

Fundi hakuzima. Aliirudisha tu pancha kwenye beseni,
akaibonyeza, akatazama mapovu yakipanda.
"Huyu kipa," akasema, "leo kaingiwa na nini?"
Nikanunua kibiriti ambacho sikukihitaji.

Jumatatu kiroba kikaja kama kawaida.
Ya Gwamaka haikuwemo: amehama nayo, safi vilevile.
Hesabu yangu nimeiandika nyuma ya kalenda:
miche arobaini na mitatu,
mkaa magunia sita,
miezi minne bila malipo,
nafasi ya kumi na tano.

Nimefua zote.
Imebaki moja kwenye kamba, ina tope kulia,
bega mpaka kiunoni.
Ni udongo wa mjini, mwepesi kuliko wetu,
ungetoka kwa maji matupu.
Maji ninayo.